Constance Baker Motley, kutoka uwakili hadi Seneti ya New York na kiti cha jaji wa shirikisho: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukimtaja Motley mbele ya wanafunzi wa sheria, wengi wanakuuliza, "Nani?" Ukimtaja bosi wake, Thurgood Marshall, aliyekuja kuwa jaji wa kwanza mweusi wa Mahakama ya Juu ya Marekani, vichwa vinatikiswa kwa kukubali. Nimeyakusanya hapa maswali ninayoulizwa zaidi kumhusu. Mengine nimeyajibu kwa mistari miwili kwa sababu hayadai zaidi ya hapo. Mengine yamenichukua mbali, mnivumilie.

Constance Baker Motley ni nani?

Alikuwa wakili wa Marekani aliyeendesha kesi za kuvunja ubaguzi wa rangi katika shule na vyuo vikuu vya majimbo ya kusini. Mwaka 1964 akachaguliwa kuwa seneta wa jimbo la New York, mwanamke mweusi wa kwanza kukaa katika baraza hilo. Mwaka 1966 akawa mwanamke mweusi wa kwanza kuwa jaji wa shirikisho nchini humo. Alizaliwa New Haven, Connecticut, Septemba 14, 1921, na kufariki New York Septemba 28, 2005, akiwa na miaka 84.

Hizo ndizo "wa kwanza" zake, na ndipo makala nyingi zinapoishia. Mimi naona zinamdhulumu. Kuwa wa kwanza ni jambo linalokutokea mlango unapofunguka. Kilichomfanya awe Motley ni majalada aliyoyabeba kabla mlango haujafunguka.

Alitoka familia ya aina gani? Nani alimsomesha?

Wazazi wake walihamia Marekani kutoka Nevis, kisiwa kidogo cha Karibi kilichokuwa chini ya Waingereza. Baba alikuwa mpishi wa vyama vya wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Yale. Yaani alikuwa anawapikia vijana ambao baadhi yao wangekuja kuwa mawakili, maseneta na majaji, huku yeye akiwa na nyumba iliyojaa watoto na mshahara wa jikoni. Constance alimaliza sekondari mwaka 1939, na pesa ya chuo haikuwepo. Akapata kibarua katika mpango wa serikali wa kuwasaidia vijana.

Kilichomtoa hapo ni mkutano wa mtaa. Kulikuwa na kituo cha jamii kilichojengwa kwa ajili ya weusi wa New Haven, na wafadhili walikuwa wanashangaa kwa nini weusi hawakitumii. Binti huyo akasimama akasema wazi: hawakitumii kwa sababu bodi yote ni ya wazungu, wenyewe hawana sauti humo. Ukumbini alikuwepo mfanyabiashara mzungu, Clarence Blakeslee, mmoja wa waliotoa pesa za kituo hicho. Mtu mwingine angenuna. Yeye aliulizia matokeo ya binti shuleni, akamwita, akamuuliza anataka kuwa nani. Wakili. Blakeslee alikuwa na wasiwasi na suala la wanawake kusomea sheria, lakini alilipa hata hivyo, kuanzia Chuo Kikuu cha Fisk kule Nashville, kisha Chuo Kikuu cha New York alikohitimu uchumi mwaka 1943, hadi Shule ya Sheria ya Columbia alikomaliza mwaka 1946.

Aliingiaje katika ofisi ya Thurgood Marshall?

Kama karani, Oktoba 1945, kabla hata hajamaliza Columbia. Marshall alikuwa akiongoza Mfuko wa Utetezi wa Kisheria wa NAACP, chama cha kutetea haki za weusi wa Marekani, ofisi ndogo ya New York yenye mawakili wachache na nchi nzima ya kushtaki. Kampuni za mawakili za mjini hazikuwa na haja ya mwanamke mweusi. Marshall alikuwa na kazi nyingi kuliko mikono, na mama yake mwenyewe alikuwa mwalimu, hivyo mwanamke mwenye kazi ya kisomi hakumshtua. Motley alibaki hapo miaka 20.

Katika kesi ya Brown alifanya nini hasa?

Mwaka 1950 aliandika rasimu ya awali ya hati ya madai, yaani karatasi inayofungua kesi.

Najua msomaji asiye wa fani anaweza kuona ni jambo dogo. Sote tunakumbuka hukumu ya Brown ya Mei 17, 1954, Mahakama ya Juu iliposema shule za kutenganisha watoto kwa rangi ni kinyume cha Katiba. Lakini muulize wakili yeyote aliyewahi kufukuzwa mahakamani kwa pingamizi la awali. Atakwambia kesi inashinda au inakufa katika hati ya madai. Ukimtaja mdaiwa asiye sahihi, ukaomba nafuu ambayo mahakama haina uwezo wa kuitoa, au ukasahau kueleza madhara aliyopata mdai, basi hata uwe na haki kama mlima Kilimanjaro, utarudi nyumbani na gharama za upande wa pili.

Kwa nini alipelekwa yeye Mississippi na siyo wakili mwanamume?

Marshall alikuwa na hesabu yake. Kule kusini mwanamume mweusi aliyevaa suti na kumhoji mzungu kizimbani alikuwa anatafuta kifo. Mwanamke mweusi, kwa mawazo yake, angevumiliwa zaidi kidogo, kwa kuwa wazungu wa kule walizoea kuwa na wanawake weusi majumbani mwao kama yaya na wapishi. Ni hoja inayokera ukiisoma leo, na Motley mwenyewe aliisimulia bila kuipamba.

Mara yake ya kwanza kusimama katika mahakama ya Mississippi ilikuwa mwaka 1949, mjini Jackson, katika kesi ya walimu weusi waliodai mishahara sawa na ya wenzao wazungu. Mawakili wa upande wa pili walikwepa kumwita "Bibi Motley". Kwetu tunalielewa hilo bila kufafanuliwa. Mtu anayekataa kukupa shikamoo yako au kukuita kwa cheo chako mbele za watu hajasahau adabu, ameamua. Kusini, mweusi aliitwa kwa jina la kwanza tu hadi uzeeni, na kumpa "Bibi" mwanamke mweusi mahakamani kungekuwa kukiri kwamba ni sawa na wao.

Hoteli hazikumpokea. Alilala katika nyumba za wenyeji weusi, na mmoja wa wenyeji wake huko Jackson alikuwa Medgar Evers, kiongozi wa NAACP wa jimbo, aliyepigwa risasi nje ya nyumba yake Juni 12, 1963.

Kesi ya James Meredith ilikuwaje? Naomba kwa urefu kidogo.

Kwa urefu, basi, maana hii ndiyo ninayoipenda kuliko zote.

Meredith alikuwa amelitumikia Jeshi la Anga la Marekani miaka 9 na alikuwa anasoma katika chuo cha weusi mjini Jackson. Siku moja baada ya John Kennedy kuapishwa, Januari 1961, aliandika barua kuomba fomu za kujiunga na Chuo Kikuu cha Mississippi. Fomu zikaja. Alipojaza na kujitambulisha kuwa ni mweusi, chuo kikakumbuka kwamba maombi yamechelewa.

Kulikuwa na sharti lingine: mwombaji alete barua za wahitimu wa chuo hicho wanaomdhamini tabia. Hebu lisome sharti hilo taratibu. Hakuna neno "rangi" ndani yake. Linamhusu kila mtu. Ila wahitimu wote walikuwa wazungu, na mzungu gani wa Mississippi mwaka 1961 angemwandikia mweusi barua ya namna hiyo? Meredith alijibu kwa utulivu kwamba hawezi kuwapata wahitimu hao kwa sababu yeye ni mweusi na wahitimu wote ni wazungu, akaambatanisha barua za weusi wenzake.

Motley alifungua kesi mwishoni mwa Mei 1961. Jaji wa mahakama ya chini, Sidney Mize, aliahirisha na kuahirisha, kisha Februari 1962 akaamua kwamba haoni sababu ya rangi hapo: chuo hakibagui. Chuo ambacho hakikuwahi kuwa na mwanafunzi aliyejulikana kuwa mweusi tangu kianzishwe! Motley akakata rufaa. Mahakama ya Rufani ya Mzunguko wa Tano ilitengua uamuzi huo Juni 1962 na kuamuru Meredith apokelewe.

Mngedhani imekwisha. Jaji mmoja wa mahakama hiyohiyo ya rufani, Ben Cameron, ambaye hata hakuwa katika jopo lililosikiliza rufaa, alitoa amri ya kusimamisha utekelezaji. Wenzake wakaifuta. Akatoa nyingine. Wakaifuta. Alifanya hivyo mara 4. Ilibidi Jaji Hugo Black wa Mahakama ya Juu aingilie Septemba 10, 1962 na kuziondoa zote. Kila amri ya Cameron ilimaanisha maombi mapya, kiapo kipya, tiketi nyingine ya ndege kwa mama mwenye mtoto wa miaka 10 nyumbani New York.

Gavana Ross Barnett akamzuia Meredith mwenyewe, mlangoni. Usiku wa Septemba 30 kukazuka ghasia chuoni, watu 2 wakauawa, mmoja wao mwandishi wa habari wa Kifaransa, Paul Guihard, na Rais Kennedy akapeleka wanajeshi kwa maelfu. Asubuhi ya Oktoba 1, 1962 Meredith alijiandikisha. Alihitimu Agosti 1963.

Picha zinazozunguka mitandaoni ni za Meredith akiwa katikati ya maofisa wa serikali. Motley hayumo.

Ni vyuo gani vingine alivifungua?

Chuo Kikuu cha Georgia, Januari 1961, kwa Charlayne Hunter na Hamilton Holmes. Chuo cha Clemson cha South Carolina, Januari 1963, kwa Harvey Gantt, ambaye baadaye alikuwa meya wa Charlotte. Alishiriki pia mapambano marefu ya Chuo Kikuu cha Alabama. Na si vyuo tu. Mwaka 1963 bodi ya elimu ya Birmingham ilisimamisha au kufukuza wanafunzi zaidi ya 1,000 walioandamana na Martin Luther King. Motley alipeleka maombi ya haraka, na kwa amri ya Jaji Elbert Tuttle watoto wakarudi madarasani.

Je, ni kweli alishinda kesi 9 kati ya 10 Mahakama ya Juu?

Ndiyo, kesi 10 alizosimama mwenyewe kuzitetea, akashinda 9. Ile ya kumi nitaiacha hadi mwisho wa ukurasa huu kwa sababu ina hadithi yake.

Ya kwanza, ya mwaka 1961, ndiyo iliyomfanya awe mwanamke mweusi wa kwanza kutoa hoja mbele ya mahakama hiyo. Charles Hamilton alihukumiwa kifo Alabama. Siku aliyosomewa mashtaka hakuwa na wakili. Upande wa serikali ulisema kusomewa mashtaka ni hatua ndogo tu, wakili alikuwepo wakati wa kesi yenyewe, shida iko wapi? Shida ni kwamba kwa sheria za Alabama, utetezi kama ule wa ugonjwa wa akili ulipaswa kutolewa siku hiyohiyo ya kusomewa mashtaka, na usipoutoa umeupoteza. Mahakama ilikubaliana na Motley kwa kauli moja.

Mwaka 1963 kulikuwa na ya Memphis, ambako jiji lilikiri kwamba bustani zake za umma zinabagua, ila likaomba muda zaidi wa kubadilika polepole. Mahakama ikasema muda umekwisha.

Marshall alipoondoka mwaka 1961, kwa nini Motley hakurithi kiti chake?

Marshall aliteuliwa kuwa jaji wa rufani, na nafasi yake akaipata Jack Greenberg, mwanamume mzungu aliyekuja katika ofisi hiyo baada ya Motley. Motley aliamini kwamba uanamke wake ulimgharimu, na hakuficha kwamba lilimuuma. Greenberg alikuwa wakili hodari, hilo halina ubishi. Lakini ofisi iliyokuwa inawashtaki wengine kwa ubaguzi haikujiuliza sana kuhusu wanawake wake.

Alikuwa mbunge wa Kongresi?

Hapana, na kosa hili linarudiwa sana. Alikuwa katika Seneti ya jimbo la New York, inayokutana Albany, makao makuu ya jimbo. Kila jimbo la Marekani lina bunge lake linalotunga sheria za jimbo. Tusichanganye pia Albany hiyo na Albany ya jimbo la Georgia, ambako mwaka 1962 Motley alimtetea King na kufanikisha kuondolewa kwa amri ya mahakama iliyopiga marufuku maandamano. Alifanya kazi katika miji yote miwili ndani ya miaka 2.

Aliingiaje katika siasa? Alikuwa na ndoto hiyo?

Siyo sana. Kiti cha seneti kilikuwa wazi, uchaguzi mdogo ulikuwa Februari 1964, na chama cha Democratic kilikuwa kimekwama na mgombea. Mzee wa siasa za Harlem, mtaa maarufu wa weusi jijini New York, J. Raymond Jones, ambaye watu walimwita Mbweha wa Harlem kwa ujanja wake, akamfuata Motley. Motley alikubali kwa sharti kwamba kesi zake za kusini zisiathirike. Akashinda. Novemba mwaka huohuo akachaguliwa tena.

Bungeni alisukuma zaidi suala la nyumba kwa watu wa kipato cha chini na cha kati. Niseme ukweli: kama mtunga sheria hakuacha alama kubwa, na hakuweza. Mwaka mmoja hautoshi hata kujifunza nani anamdai nani fadhila. Wanaomwita "mwanasheria na mwanasiasa" kwa uzito sawa wanatia chumvi.

Cheo cha mkuu wa Manhattan ni kipi?

Jiji la New York limegawanyika sehemu 5, Manhattan ikiwa mojawapo, na kila moja ina mkuu wake wa kuchaguliwa. Februari 1965 nafasi ya Manhattan ilibaki wazi, madiwani wakampa Motley, na Novemba wapiga kura wakamthibitisha kwa kipindi kizima. Alikuwa mwanamke wa kwanza kushika cheo hicho. Wakati ule wakuu wa sehemu walikuwa na kura katika bodi iliyoamua bajeti ya jiji na matumizi ya ardhi, kwa hiyo hakikuwa cheo cha kukata utepe. Motley alikitumia kusukuma mpango wa kufufua Harlem na Harlem Mashariki. Hapo ndipo alipojiuzulu kwenye Mfuko wa Utetezi.

Jaji wa shirikisho ni nani, na anatofautianaje na jaji wa jimbo?

Marekani ina mahakama za aina mbili zinazokwenda sambamba. Mahakama za jimbo husikiliza mambo mengi ya kila siku: mauaji, talaka, mikataba, mirathi. Mahakama za shirikisho husikiliza yanayogusa Katiba ya nchi, sheria za Kongresi, na baadhi ya migogoro kati ya watu wa majimbo tofauti. Ngazi ya chini ni mahakama ya wilaya, na ziko wilaya 94. Neno "wilaya" lisikudanganye ukafikiri ni mahakama yetu ya wilaya yenye hakimu. Ukilinganisha uzito, hiyo inakaribia Mahakama Kuu. Juu yake kuna mahakama za rufani 13, kisha Mahakama ya Juu.

Jaji wa shirikisho huteuliwa na Rais, huthibitishwa na Seneti, na hukaa hadi afe, ajiuzulu au aondolewe na Kongresi. Hakuna umri wa lazima wa kustaafu. Kwetu Tanzania jaji wa Mahakama Kuu anastaafu akiwa na miaka 60. Kenya ni 70.

Motley aliwekwa katika Wilaya ya Kusini ya New York, inayobeba Manhattan, Bronx na kaunti kadhaa za kaskazini yake. Kesi za mabenki, masoko ya hisa na magazeti makubwa hupitia hapo.

Kwa nini kuthibitishwa kwake kulichukua miezi 7?

Rais Lyndon Johnson alimteua Januari 1966. Seneti ilimthibitisha Agosti 30. Aliyekalia faili lake ni mwenyekiti wa kamati ya sheria ya Seneti, James Eastland, seneta wa, ndiyo, Mississippi. Eastland alikuwa na shamba kubwa la pamba na alikuwa amesumbuliwa na mwanamke huyu kwa miaka. Alimtuhumu kuwa na uhusiano na wakomunisti ujanani. Tuhuma haikusimama, ila ilikula miezi. Inasemwa pia kwamba Johnson alifikiria kwanza kumpa kiti cha mahakama ya rufani, akaona upinzani, akarudi nyuma.

Alipokuwa jaji, aliendelea kuwapigania weusi?

Jaji hapiganii. Hili ndilo swali linaloniambia kwamba muulizaji hajakaa mahakamani. Wakili huchagua mteja, huchagua kesi, huchagua mji wa kufungulia kesi. Jaji hupangiwa. Asubuhi unafika unakuta mgogoro wa bima ya meli, mchana mfanyabiashara wa dawa za kulevya anasubiri adhabu. Unachoweza kukibadilisha ni kile kilicholetwa mbele yako, na mahakama ya juu yako inaweza kukifuta.

Mfano ni wa Martin Sostre, mfungwa aliyewekwa peke yake katika chumba cha adhabu kwa zaidi ya mwaka. Mwaka 1970 Motley aliamua kwamba ni adhabu ya kikatili, akaamuru alipwe fidia na gereza libadilishe taratibu zake za nidhamu. Mwaka uliofuata mahakama ya rufani ikakubali baadhi na kukata sehemu kubwa. Kuna watu waliotarajia angeibomoa mifumo akiwa juu ya kile kiti, wakavunjika moyo. Mimi nadhani walimdai kitu ambacho kiti hakina.

Ni hukumu gani zake zinazofaa kusomwa na mwanafunzi?

Anza na uamuzi mdogo wa mwaka 1975. Mwanasheria mwanamke, Diane Blank, aliishtaki kampuni kubwa ya mawakili ya Sullivan & Cromwell kwa kuwabagua wanawake katika ajira. Kampuni ikamtaka Motley ajitoe: ni mwanamke, ni mweusi, amewatetea waliobaguliwa, atapendelea. Alikataa. Hoja yake, kwa maneno yangu, ilikuwa hii: kila jaji wa mahakama hii ana jinsia, ana rangi, na wengi walitoka katika kampuni za mawakili. Kama hayo yanatosha kumwondoa mtu, hakuna wa kusikiliza kesi hii. Kurasa chache tu, lakini hadi leo mawakili wanazitaja kila mtu anapojaribu kumkataa jaji kwa alivyozaliwa.

Kisha kuna ya Melissa Ludtke ya mwaka 1978, mwandishi wa michezo aliyezuiwa kuingia chumba cha kubadilishia nguo cha wachezaji wa besiboli wakati wa fainali za 1977, wakati wenzake wanaume wanaingia na kupata mahojiano motomoto. Utetezi ulikuwa faragha ya wachezaji. Motley alitazama kwanza jambo ambalo wengi wangelipita: uwanja wa Yankee ulikuwa mali ya jiji. Kwa hiyo ubaguzi ule ulifanyika kwenye mali ya umma, na Katiba inahusika. Kuhusu faragha, alisema zipo njia nyepesi, kama mapazia na mataulo.

Na hii ya mwaka 1991 itawagusa wengi wenu. Wachapishaji waliishtaki kampuni ya Kinko's kwa kudurufu sura za vitabu, kuzifunga pamoja na kuwauzia wanafunzi wa vyuo. Kwa lugha yetu, ni steshenari nje ya geti la chuo inayouza vitini. Motley alisema ni ukiukaji wa hakimiliki, wala kisingizio cha elimu hakiponyeshi biashara ya faida, akaitoza zaidi ya dola 500,000. Nimewahi kuwasimulia wanafunzi hukumu hii huku kila mmoja wao ameshika kitini alichokinunua asubuhi. Kimya kilitanda.

Alistaafu lini?

Kikamilifu, hakustaafu. Alikuwa jaji mkuu wa wilaya yake kuanzia 1982 hadi 1986. Septemba 1986, siku chache baada ya kutimiza miaka 65, akachukua hadhi ya ujaji mwandamizi, ambayo inamruhusu jaji kupunguza kesi bila kuacha kazi. Aliendelea hivyo hadi kifo chake.

Ana uhusiano wowote na Afrika Mashariki?

Wa moja kwa moja, hapana, na sitaki kuubuni. Wa pembeni upo. Wakati Motley anabeba majalada ya Georgia na Mississippi, bosi wake Marshall aliitwa na Tom Mboya kuwa mshauri wa wajumbe Waafrika wa Kenya katika mazungumzo ya katiba ya Lancaster House, London, mwaka 1960. Kabla ya London alipita Kenya. Wakoloni walimzuia kuhutubia mkutano, akaomba walau aseme neno moja la salamu kwa watu waliokusanyika. Likawa "Uhuru!" Rasimu yake ya haki za binadamu haikuingia katika katiba kama ilivyokuwa, lakini ina kitu cha kushangaza: wakili wa weusi wachache wa Marekani aliandika ulinzi wa wazungu na Waasia wachache wa Kenya.

Kwetu mtu anaweza kupita njia hiyo: wakili, mbunge, jaji?

Anaweza, na yupo. Njoki Ndung'u wa Kenya alikuwa wakili, akawa mbunge wa kuteuliwa kuanzia 2003, akaupeleka bungeni muswada uliozaa Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya mwaka 2006, na mwaka 2011 akawa jaji wa Mahakama ya Juu. Kwa upande wa ubunge, naona alimzidi Motley. Tanzania Katiba inamkataza jaji kuwa mwanachama wa chama cha siasa, hivyo anayetoka siasani hurudisha kadi kwanza.

Na ile kesi ya kumi?

Robert Swain, kijana mweusi wa kaunti ya Talladega, Alabama, alihukumiwa kifo. Marekani hatia huamuliwa na jopo la raia wa kawaida 12, na uamuzi wao unafunga, tofauti na wazee wetu wa baraza waliokuwa wakitoa ushauri tu. Kabla jopo halijakamilika, kila upande hupewa nafasi ya kuwakataa baadhi ya watu bila kutoa sababu. Siku hiyo walikuwepo weusi 6 ambao wangeweza kukaa. Mwendesha mashtaka aliwakataa wote 6. Na kwa miaka kama 15 hakuna mweusi hata mmoja aliyekuwa amekaa katika jopo la kaunti hiyo.

Motley alitoa hoja Desemba 1964, akiwa tayari seneta. Machi 1965, akiwa mkuu wa Manhattan kwa majuma machache tu, alisoma matokeo: ameshindwa, majaji 6 kwa 3. Mahakama ilitaka athibitishe kwamba mwendesha mashtaka amekuwa akifanya hivyo kesi baada ya kesi, mwaka baada ya mwaka. Mtu aliyehukumiwa kifo atoe wapi majalada ya watu wengine?

Aprili 30, 1986, katika kesi ya James Batson wa Kentucky, aliyekataliwa weusi wote 4 waliokuwa wamebaki, Mahakama ya Juu ilibadilika kwa majaji 7 dhidi ya 2: inatosha kuonyesha kilichofanyika katika kesi yako mwenyewe, kisha mwendesha mashtaka ajieleze. Ilikuwa ni hoja ya Motley ya miaka 21 nyuma. Yeye wakati huo alikuwa jaji New York, na hakuwa na ruhusa ya kusimama mbele ya mahakama yoyote kumtetea mtu. Mmoja wa wale majaji 7 aliandika maoni yake ya ziada, akisema haki hiyo ya kukataa watu bila sababu ingefutwa kabisa. Alikuwa Thurgood Marshall.